Transfo ya kiwanda cha barafu ilimmwagia mama yangu mafuta ya moto, mahakamani wakauliza kwa nini alianika nguo

Wakuu, nawasalimu kutoka Bujumbura.

Mimi humu ni msomaji wa kimya. Nasoma nyuzi za watu, nacheka, naumia, natoka bila kuaga. Leo naandika kwa sababu kuna jambo limenikaa kooni, na nikiendelea kulinyamazia litanitia ugonjwa.

Nitakachosema nimekiona kwa macho yangu. Pale ambapo sikuwepo, nitasema sikuwepo.

Kiswahili changu ni cha huku kwetu, kimelala kitanda kimoja na Kifaransa na Kirundi. Nimejitahidi kukinyoosha ili ndugu wa Kigoma, Dar na Mombasa mnielewe. Mkikuta kimepinda, mnivumilie.

Twende.

Mimi ni fundi wa magari. Nimezaliwa Buyenzi, baba yangu alikuwa fundi huko huko, na gereji yangu iko huko mpaka leo. Lakini Buyenzi mnavyoisikia ni nyumba juu ya nyumba, mkipika pilau mtaa mzima unajua. Kwa hiyo nilipopata kiwanja Carama, kaskazini mwa jiji, nikajenga pole pole na kuhamisha familia. Mke wangu Zaituni, watoto wetu, Shabani na wadogo zake, na mama yangu mzazi.

Carama wakati ule bado kulikuwa na mashamba ya mihogo katikati ya nyumba. Kimya, hewa nzuri. Mama alipafurahia sana. Alichagua mwenyewe chumba cha nyuma, na nyuma ya chumba chake akafunga kamba ya nguo kutoka kwenye ndoano ya ukuta hadi kwenye mti wa mpera. Naomba mkumbuke hiyo kamba, maana ilikuja kujadiliwa na watu waliosoma sheria utadhani ni mpaka wa nchi.

Nyuma ya kiwanja chetu kuna kichochoro. Ng'ambo ya kichochoro kulikuwa na eneo kubwa tupu lenye ukuta. Siku moja mwenye eneo akaja kujenga kiwanda cha barafu.

Huyu mtu jina lake silitaji. Huku mtaani kila mtu anamwita Patron, na mimi nitamwita hivyo.

Niwe mkweli, mwanzo tulifurahi. Mtaa wetu una akina mama wengi wanaouza samaki, wengi wao Wakongo waliotoka upande wa Uvira na Fizi. Samaki wa ziwani kama mukeke na ndagala, bila barafu jua likishapanda ni hasara. Patron akawa anawakopesha barafu asubuhi, wanalipa jioni wakishauza. Vijana wa mtaani wakapata kazi ya kubeba na kupakia. Mtu akikupa kazi na barafu, utamuambia nini?

Kiwanda cha barafu kinakula umeme kama tembo anavyokula migomba. Ule umeme wa nyumbani haukumtosha. Akanunua transfoma yake binafsi, huku tunaita transfo, lile lipipa la chuma lenye mapezi linalokaa juu ya nguzo, ndani limejaa mafuta.

Sasa sikilizeni alipoiweka.

Ndani ya ukuta wake kuna uwanja ambao malori mawili yanageuza bila kugusana. Hakuiweka humo. Aliiweka kichochoroni. Nguzo mbili zikachimbiwa upande wetu, zimegusa ukuta wetu kabisa, katikati wakafunga jukwaa la chuma, transfo juu yake. Nusu ya hilo jukwaa inaning'inia juu ya uwanja wetu wa nyuma. Ukisimama chini ya kamba ya Mama ukatazama juu, huoni mbingu, unaona tumbo la transfo.

Kuna mtu atauliza, ulikuwa wapi wakati wanachimba? Nilikuwa gereji, Buyenzi. Zaituni alinipigia, nikaja, nikakuta nguzo zimesimama tayari. Nikaenda kwa Patron.

Alinipokea vizuri, akanipa kiti na soda baridi.

"Fundi, we ni mutu wa kazi kama mimi," akaniambia. "Kichochoro ni cha serikali, si chako. Na malori yangu yanahitaji kugeuka."

Nikamwambia, "Patron, kule chini kuna chumba cha mama yangu."

Akasema, "Haitaanguka. Wameifunga wataalamu."

Nilienda kwa mkuu wa mtaa. Akamwita Patron, Patron hakuja. Akamwita tena, akatuma mtu aseme yuko safarini, na huku mimi namuona anapita na gari lake. Watu wa umeme nao nilienda kuwauliza. Wakaniambia wazi kwamba ile transfo ni mali ya mteja mwenyewe, mwenye dhamana ni mwenye nayo, na nikiona inanisumbua nina haki ya kwenda tribunali, yaani mahakamani. Hapo sina ugomvi nao, waliniambia ukweli.

Sikwenda tribunali wakati ule. Nilikuwa na kazi, na kesi kwa mtu wa gereji ni siku za kazi zinazokufa.

Tukaanza kuishi nayo. Ile kitu inanguruma. Sio kelele ya kukufanya uzibe masikio, ni mngurumo wa chini chini unaoingia kwenye godoro. Mama akawa anasema chumba chake kinamsomea kitu asichokielewa. Tukamhamisha kulala chumba cha mbele na watoto, lakini mchana alikuwa anarudi nyuma kuswali na kuanika nguo, maana pale ndipo palikuwa pake.

Baadaye transfo ikaanza kutoa jasho la mafuta. Mimi mafuta nayajua, ndiyo kazi yangu. Nikaona mstari mweusi unashuka kwenye pipa na matone yanadondoka kwenye ukuta. Nikamwendea Patron mara ya pili. Safari hii hakukuwa na soda. Alisema atatuma fundi. Hakumtuma.

Sasa siku yenyewe.

Ilikuwa alasiri. Mimi sikuwepo, nilikuwa chini ya gari la mtu. Haya nayasema kama alivyonisimulia Zaituni na Mama mwenyewe.

Wingu lilikuwa linafunga upande wa milimani. Mama akatoka kuanua nguo kabla ya mvua. Ameshatoa kanga mbili, amezitupia begani, ameinua mkono kutoa ya tatu. Zaituni alikuwa jikoni. Anasema alisikia mlio kama tairi la lori limepasuka, halafu sauti ya kitu kinamiminika kwenye mabati.

Transfo ilipasuka ubavuni. Mafuta yakaruka. Mafuta ya moto, wakuu, siyo ya vuguvugu. Yalimpata Mama bega la kulia, mkono mzima, na sehemu ya mgongo. Zile kanga mbili begani ndizo zilizomkinga shingo na uso. Daktari alisema hivyo, si mimi.

Zaituni alimkuta amekaa chini, hapigi kelele. Mama alimwambia neno moja tu. "Nitoe hapa, mwanangu."

Kona ya paa ilishika moto. Majirani walikuja na ndoo, hilo sitawanyima. Mvua nayo ikashuka, ikamalizia. Mimi nilipofika, Mama alikuwa ameshapelekwa hospitali na mtaa mzima uko gizani, na pale kiwandani vijana wanakimbiza barafu kwenye gari la kukodi isije ikayeyuka.

Wanaokoa barafu.

Nimeandika hiyo sentensi, nikanyanyuka, nimerudi sasa hivi. Samahani.

Mama alilala hospitali muda mrefu. Walimtoa ngozi ya paja wakambandika mkononi. Patron hakufika hata siku moja. Alimtuma dereva na gunia la mchele na sukari. Zaituni alimuuliza dereva, "Hii ni ya nini?" Dereva akasema, "Ni pole ya Patron." Zaituni akamwambia, "Mrudishie. Mwambie mgonjwa yuko hospitali, na miguu anayo."

Kisha, amini usiamini, Patron alinunua transfo nyingine na kuifunga pale pale. Nguzo zile zile, jukwaa lile lile. Mama bado yuko hospitali, ukuta bado mweusi kwa moshi.

Hapo ndipo nilipofunga gereji siku hiyo na kwenda kutafuta avoka, yaani wakili.

Nilimpata kijana mmoja ana ofisi ndogo Nyakabiga, juu ya duka la simu. Akanisikiliza mpaka mwisho, akaniuliza swali moja. "Mashahidi unao?"

Nikacheka. Nikamwambia mtaa mzima ni shahidi.

Kumbe nilikuwa sijui mtaa wangu.

Nyumba ya kwanza, baba mmoja tunayeswali naye safu moja, alinipokea mlangoni, hakunikaribisha ndani. "Baba Shabani," akasema, "kijana wangu mkubwa yuko kwa Patron. Nikisema, kesho anarudi nyumbani." Nyumba ya pili, mama muuza samaki, alilia kabisa akimtaja Mama, halafu akasema, "Mi apana. Barafu nitatoa wapi?" Nyumba ya tatu waliniambia hawakuona kitu, na ni wao walioleta ndoo ya kwanza.

Sikuwachukia, lakini itakuwa uongo nikisema sikuumia. Nilirudi nyumbani nikamwambia Zaituni, hatuna mtu.

Nyumba moja sikwenda. Ni ya jirani yetu wa ubavuni, kwenye kichochoro kile kile, mwanamke wa Kikongo anaitwa Mama Neema. Yeye na mke wangu walikuwa hawasalimiani. Mama Neema anaosha samaki uani kwake, na maji yale, mnajua harufu yake, yalikuwa yanateremka mpaka mbele ya geti letu. Walishatukanana mpaka wakafikishana kwa mkuu wa mtaa. Mtoto wake akipiga mpira ukaingia kwetu, haurudi. Kwa hiyo niende kumwambia nini?

Kesi ikaanza.

Kwa faida ya wasiojua, mahakama zetu zinaendeshwa kwa Kirundi na Kifaransa. Nawatafsiria.

Patron alikuja na avoka mtu mzima, suti ya kijivu, sauti ya taratibu. Huyo bwana hakusema transfo haikupasuka. Alisema hivi: transfo ilikuwepo kwanza. Alisema familia yangu ilijiongezea uwanja nyuma na kufunga kamba ya nguo chini ya chombo cha umeme wakati chombo kimeshafungwa. Kwa hiyo tumejitafutia wenyewe.

Halafu akamgeukia Mama. Mama alikuwa amekaa benchi la mbele, mkono umefungwa, mtandio umefunika bega.

"Mama," akamuuliza, kwa heshima kabisa, "ulipokuwa unaona kitu kikubwa cha umeme juu yako, kwa nini ulianika nguo pale?"

Mama alimtazama. Akasema, "Kwa sababu zilikuwa mbichi."

Watu wakacheka ukumbini. Avoka naye akatabasamu. Mimi nilishika benchi kwa mikono miwili ili nisinyanyuke. Mtu amebabuliwa nyumbani kwake, akiwa ameshika kanga yake, na yeye ndiye anayetakiwa kujieleza. Hiyo ndiyo iliyoniuma kuliko paa kuungua, na ndiyo iliyonifanya niandike huu uzi.

Jaji, mwanamke wa makamo, hakucheka. Alituuliza tuna nani wa kuthibitisha kwamba nyumba na kamba vilitangulia. Avoka wangu akaomba siku nyingine. Jaji akasema sawa, lakini iwe ya mwisho.

Tulirudi nyumbani kwa gari. Zaituni anatazama dirishani. Tulipofika, hakuingia ndani. Alinyoosha moja kwa moja mpaka getini kwa Mama Neema na kugonga.

Mimi nilibaki mbali kidogo, lakini nilisikia yote.

"Mama Neema, sijaja kwa wema," Zaituni akasema. "Sina wema na wewe. Nimekuja kwa ajili ya mama mkwe wangu. Ulikuwepo siku ile wanachimba nguzo?"

Mama Neema alikuwa na kisu mkononi, anapara samaki. "Nilikuwako."

"Utasema?"

"Kwa nini unaniuliza mimi wa mwisho?"

"Kwa sababu unatuchukia."

Mama Neema akarudi kwenye samaki wake. Akasema, bila kuinua kichwa, "Siku ni gani?"

Ikafika siku. Mama Neema alikuja amevaa kitenge kipya na viatu vya kanisani, amekaa peke yake benchi la nyuma, hakutusalimia. Alipoitwa, akaomba aseme Kiswahili, karani akawa anatafsiri. Namnukuu kama alivyosema, maana sitasahau.

"Muheshimiwa, mi na hawa batu hatupendane. Iko ugomvi ya maji. Sikuje hapa sababu nawapenda."

Avoka wa Patron akataka kusema kitu, jaji akamnyamazisha kwa mkono.

"Siku ile banachimba shimo, huyu mama mukubwa alikuwa ameanika manguo kwa kamba yake. Udongo ikaruka, ikachafua manguo yote. Akaitosha kwa kamba, akaanza kufua upya, analalamika. Mi nilikuwa kwa ukuta naangalia. Nilifurahi. Nilimucheka. Nilikwenda kuambia na dada yangu, mujue yule mama mukwe wa Zaituni leo amefua mara mbili. Sasa naweza kusahau namna gani? Kamba ilikuwako. Nyumba ilikuwako. Ile transfo ndiyo ilikuja."

Karani akamaliza kutafsiri.

Avoka wa Patron akasimama, akamuuliza kama amelipwa kuja kusema. Akajibu, "Na nani? Na hawa? Hata mupira ya mutoto yangu hawarudishe."

Jaji aliinamisha kichwa, nadhani alikuwa anaficha kicheko.

Baada ya hapo mahakama ilikuja Carama kuona kwa macho. Jaji, karani, mawakili wote. Jaji alisimama chini ya jukwaa, akatazama juu. Akaenda ndani ya kiwanda, akatazama ule uwanja mpana. Akaonyesha kona moja kwa kidole, akamuuliza Patron, "Kwa nini hukuiweka hapa?" Patron akaeleza habari ya malori. Jaji akainamia karatasi zake. Aliandika tu.

Hukumu ikatoka. Patron amekosa. Agharamie matibabu ya Mama na paa, na transfo iondolewe nyuma ya nyumba yetu.

Nilidhani atakata rufaa. Hakukata. Nikasema kimoyomoyo, labda ameona haya. Nikawa nimeshaanza kumsamehe kabla hajaniomba.

Wakuu, huyu mtu hana haya. Kwanza alimkatia Mama Neema barafu. Alipokwenda asubuhi na ndoo zake, vijana waliambiwa wasimuuzie. Akaanza kufuata barafu mbali, anarudi samaki wameshalegea.

Halafu ikaja siku ya kuihamisha.

Nilikuwa gereji. Simu ikalia, Zaituni. Sauti yake ya kawaida kabisa.

"Baba Shabani, uko na kazi?"

"Niko nayo."

"Iache. Njoo. Niko ndani ya shimo."

Nikadhani sijasikia vizuri. Nikamuuliza shimo gani, akakata simu.

Nilimwomba jamaa wa gereji anikimbize. Nilipofika kichochoroni nikakuta hivi. Mafundi wa Patron wamekuja na nguzo mpya. Hukumu ilisema transfo iondoke nyuma ya nyumba yetu, basi wao wanaisogeza hatua chache tu, kichochoro kile kile, mpaka ukutani kwa Mama Neema. Wamegusa ukuta wake kama walivyogusa wetu. Shimo la kwanza limeshachimbwa mpaka kiunoni.

Na mke wangu amekaa humo, kwenye kigoda, na beseni la lengalenga mapajani. Anachambua mboga.

Msimamizi wa mafundi alikuwa amesimama juu yake, kofia ameivua. "Mama, tunakuomba. Sisi tumetumwa tu."

"Najua mmetumwa," Zaituni akamjibu. "Na mimi sijawakataza. Chimbeni."

Mama Neema alikuwa amesimama getini kwake, mikono kichwani, hajui aingie au atoke. Aliniona, akaniambia, "Papa Shabani, mutoshe bibi yako. Batamufukia."

Nikamwambia, "Mama Neema, huyo mimi sijawahi kumtoa mahali."

Mara Mama yangu naye akaja. Ana kanga begani, anatembea pole pole, mkeka ameubana kwapani kwa mkono wa kushoto, ule usioungua. Akautandika ukingoni mwa shimo na kukaa.

Hapo ndipo mtaa ulipoanza kutoka. Yule baba wa safu moja msikitini alitoka. Yule mama aliyeniambia mi apana alitoka na wenzake, ndoo za samaki kichwani. Wale wa ndoo ya kwanza walitoka. Hakuna aliyewaita. Nadhani kila mmoja alikuwa amepiga hesabu moja: leo kwa Mama Neema, kesho kwangu.

Patron akaja na gari mpaka mwisho wa kichochoro, akashuka. Akaona watu. Akasema kwa sauti ya mtu aliyeonewa, "Hukumu nimeitekeleza. Munataka nini tena?"

Zaituni, kutoka shimoni, akasema, "Iweke kwako."

"Kwangu malori yanageuka, nimesema mara ngapi?"

Mama akafungua kanga begani. Pale ngozi imekunjamana, imeng'aa. Akainua ule mkono mpaka mwisho wake, na mwisho wake si mbali, kwenye kifua unagota.

"Baba, malori yako yanageuka," akamwambia. "Mkono wangu mimi umegotea hapa. Wa huyu jirani unataka ugotee wapi?"

Patron alitazama chini. Nimemuona mimi mwenyewe, alitazama viatu vyake. Kisha akarudi kwenye gari.

Mafundi walikusanya koleo zao. Yule msimamizi alimpa Zaituni mkono kumtoa shimoni, na Zaituni akampa beseni kwanza.

Lakini msidhani iliishia hapo kwa utamu. Patron alingoja tutulie ili arudishe mafundi, sisi hatukungoja. Avoka wetu alirudi kwa jaji, safari hii mlalamikaji ni Mama Neema, na mashahidi walikuwa wengi mpaka benchi halikutosha. Jaji akazuia kazi yote kichochoroni. Na akina mama wa samaki walikubaliana kitu kimoja bila kelele: hakuna kuchukua barafu kwa Patron mpaka transfo iingie ndani. Walibanana, wakachanga gari la kufuata barafu kwingine. Wengine walipata hasara, nawajua kwa majina. Tukawa tunaona maji yanatiririka chini ya geti la kiwanda, barafu inayeyuka, haina mnunuzi.

Transfo ikaingia ndani. Ile kona ambayo jaji aliionyesha kwa kidole. Na malori yanageuka vizuri tu, nimeyatazama.

Mngedhani nimefurahi. Nimefurahi nusu. Mama hawezi kufua tena, hawezi kujifunga kitambaa mwenyewe, na mpaka leo Patron hajawahi kufungua mdomo kumwambia samahani. Juzi kati hapa nimesikia anawaambia wageni wake kwamba aliiingiza transfo ndani kwa hiari yake, kwa kuwajali majirani. Anasema hivyo na uso mkavu. Ndiyo maana naandika. Yeye anasimulia ya kwake, na mimi nimesimulia ya kwangu.

Nilichojifunza, kwa kifupi.

Ukiona nguzo inaletwa karibu na nyumba yako, piga picha siku hiyo hiyo. Nyumba yako, kamba yako, mti wako, kila kitu. Mimi sikupiga, nikabaki kutegemea kicheko cha jirani.

Uliza chombo ni cha nani. Kama ni cha mtu binafsi, usizungushwe, mwenye dhamana ni yeye.

Usisubiri kipasuke. Mimi nilisubiri kwa kuogopa kupoteza siku za kazi. Siku nilizokuja kupoteza hospitalini na mahakamani hazihesabiki.

Na hukumu isomeni mpaka mwisho. Yetu ilisema kitu kitoke wapi, haikusema kiende wapi.

Wakuu, uwanja ni wenu. Wanasheria mliomo humu, niambieni kama kuna namna ya kumdai mtu huyu zaidi ya tulichopata. Na kama kuna mwenye transfo, jenereta au mnara ukutani kwake sasa hivi, aandike hapa chini aseme ameanzia wapi, tusaidiane mawazo. Wa kunitukana kwamba nilichelewa, mnitukane, nimeshazoea.

Ila kesho ukisikia koleo linagonga chini upande wa jirani yako, hata kama hamsalimiani, usifunge dirisha. Toka nje.